Sauti ya Nejat Bozok

Mwanamke alimpiga Nejat Bozok kwa fungu la liki mbichi, zile mboga ndefu za jamii ya vitunguu, sokoni, mchana kweupe, na hakumpiga mara moja akaridhika. Alimpiga begani, akampiga mgongoni, majani ya liki yakaruka hadi kwenye meza ya muuza samaki. "Mshenzi wee! Umemtoa mjane wa watu nje, mvua yote ile! Na mtoto anakohoa!" Watu wakajaa. Nami nimesimama na kikapu changu nacheka mpaka mbavu zinaniuma, maana huyo mjane, mwigizaji mwenzetu, tulikuwa naye asubuhi ileile, anakula mayai na bado ananung'unika kwamba mvua ya mpira wa maji ilimharibia nywele.

Ndivyo zilivyokuwa enzi zetu. Nejat alikuwa mtu mbaya wa filamu: mwenye nyumba asiye na huruma, mjomba anayekula mali ya yatima, tajiri anayemtaka binti wa maskini kwa nguvu. Alikuwa na nyusi nene na taya pana, na akikutazama kwa pembe ya jicho unajikuta unakumbuka madhambi yako. Muuza nyama alimfungia mifupa mitupu. Watoto walihama njia. Na wallahi katika Istanbul nzima hakuna aliyekuwa mpole kama yeye. Akimkanyaga paka mkia, huinama kumwomba radhi.

Siku ile ya liki alifanya kosa moja. Alifungua kinywa.

"Mama," alisema, "nisamehe. Ile ni filamu tu."

Mwanamke akasita, liki ziko juu. Sauti iliyotoka ilikuwa nyembamba, ya puani, na lafudhi nzito ya Rize, kule Bahari Nyeusi, ambako watu husema kana kwamba wanateremka mlima mkali na hawawezi kujizuia. "Ebo! Kumbe si yeye!" mwanamke akapaza. "Hebu msikieni, analia kama kifaranga! Nimempiga mtoto wa watu bure!" Soko zima likaangua kicheko. Akamwomba msamaha, akamwachia na liki zenyewe, akaenda zake.

Nejat alibaki amezikumbatia zile liki. Kipigo hakikumwuma. Kicheko ndicho kilichoingia, kikakaa.

Niwaeleze, maana vijana wa leo hawajui. Zamani filamu zetu zilipigwa picha bila sauti. Mimi, Perihan, kazi yangu ilikuwa kusoma. Nilikaa chini ya kamera, muswada mapajani, nikisoma kwa nguvu sentensi moja moja; mwigizaji anaisikia, anairudia kwa midomo na kwa macho. Akisema kwa lafudhi ya Rize au ya mwezini, nani anajali? Hakuna kinachonaswa. Baadaye, katika chumba chenye mapazia mazito, mtu mwingine hutazama ile midomo ikicheza ukutani na kuitilia sauti. Kwa hiyo yule mtu mbaya aliyependwa kuchukiwa na nchi nzima tulikuwa watu watatu: maneno yalipitia kwangu, uso ulikuwa wa Nejat, na sauti ilikuwa ya Suavi Erdil.

Suavi msingemjua, hata mngepishana naye kila siku. Kijitu kifupi, kipara, miwani mizito, hazina yake kubwa duniani ni chiriku wa manjano aliowafuga kwenye vizimba. Lakini akifungua kinywa, vijiko vilitetemeka ndani ya bilauri. Sauti ilikuwa nene, ya chini, yenye ukwaruzo kidogo, kama pipa la maji linaloviringishwa juu ya mawe.

Walipendana hao wawili, jamani, hadi mke wa Suavi aliona wivu. Kulikuwa na mkahawa wa chai kichochoroni Beyoğlu, tulipokuwa tukikaa sote kungoja kazi. Mhudumu mgeni akija, Nejat humkazia macho na kuchezesha midomo, na Suavi, aliyejificha nyuma ya gazeti, hunguruma: "Chai tatu. Ikiwa baridi, nitaichoma nyumba yenu." Mhudumu hukimbia. Sisi tunafia vitini. Hata tulipozungushwa miji ya bara kuzindua filamu, Nejat alisimama jukwaani na Suavi nyuma ya pazia, akiwasalimu watu wa Sivas na Malatya kwa niaba yake. Na baada ya lile jambo la liki, Nejat hakusema tena hadharani pasipo Suavi. Watu wakasema ana haiba, ni mtu wa maneno machache. Haiba! Mtu alikuwa anaogopa kuchekwa.

Suavi hakuwahi kulalamika. Jina lake halikuwekwa kwenye mabango, wala mwishoni mwa filamu. Aliomba kitu kimoja tu, siku tulipokuwa tunakula maharage pale mkahawani.

"Nejat," alisema, "siku ukipewa tuzo, litaje jina langu. Mara moja tu. Mama yangu kule Bursa anadhani namdanganya. Kila akikusikia wewe kwenye filamu ananiambia, 'Mwangalie yule, ana sauti kama yako, lakini yeye amefanikiwa.'"

Tulicheka. Nejat akachukua kipande cha mkate, akakibusu, akakigusisha kwenye paji la uso, kama kwetu tunavyoapa. "Mkate huu unipige nikisahau."

Na tuzo ikaja. Ilikuwa kule kusini, kwenye joto, ukumbi wa wazi, mabibi wamevaa manyoya jasho likiwatiririka. Suavi aliketi kando yangu na suti ya kuazima, kidevu amekiinua kama mtoto anayesubiri kuitwa jina darasani. Mama yake alikuwa kwa jirani mwenye redio. Nejat akapanda jukwaani. Akasogea kwenye kipaza sauti. Akafungua kinywa.

Nilikuwa nimezoea kuisoma midomo yake kuliko muswada. Niliiona ikianza "Su…" Kisha macho yake yakapita juu ya ule umati, nikajua anasikia nini. Anasikia soko. Akafumba kinywa, akaweka kiganja kifuani, akainama. Ukumbi mzima ukasimama kumpigia makofi. Unyenyekevu ulioje! Magazeti yaliandika hivyo.

"Asante ya punda," Suavi alisema, polepole. Waliokaa mbele yetu wakageuka kwa mshtuko, maana walimsikia Nejat Bozok nyuma yao ilhali wanamwona jukwaani. Suavi akanyanyuka, akaomba njia, akaondoka.

Hakumtilia sauti tena. Studio ikamtafutia Nejat sauti nyingine na watazamaji wakanuna. Walisema siku hizi mtu mbaya ana mafua. Kisha televisheni ikaja, majumba ya sinema yakageuzwa kumbi za harusi, na sisi tukatawanyika. Nejat alipelekewa vijisehemu vya wazee wanaoketi kwenye kiti bila kusema. Kila sikukuu alikuwa anashika simu, anaizungusha namba ya Suavi, anaisikiliza ikiita upande wa pili, halafu anaikata. Nilimwona. Nilimtukana.

Sasa tumekula chumvi nyingi. Nejat anakaa ghorofa ya juu yangu, hushuka kunywa supu ya dengu na kunikosoa chumvi. Majira ya baridi yaliyopita alikuwa ameinamia bakuli lake simu yangu ilipolia. Alikuwa Gülten, binti wa Suavi.

"Shangazi Perihan," alisema, "baba anakwenda. Koo lake lilipasuliwa mwaka jana, sauti hana kabisa. Anachezesha midomo tu, nasi hatumwelewi. Jana alionyesha picha ya ami Nejat ukutani."

Nilimtazama Nejat. Kijiko kilikuwa kimesimama hewani. Alikuwa amesikia, simu yangu huwa inapiga kelele kuliko mimi.

"Nitakwenda," alisema. Akakiweka kijiko chini, akaongeza, "Utakuja nami?"

Tulivuka kwa feri hadi Üsküdar. Nejat alinunua mkate wa duara wa ufuta akawamegea shakwe wote, yeye hakuonja. Walinzi wa feri walimpigia saluti, akawainamia kichwa, kimya, kama desturi yake. Tulipokaribia ng'ambo akanisogelea.

"Perihan, dada yangu. Niandalie maneno."

"Maneno gani?"

"Ya kumwambia. Wewe utakaa nyuma yangu, utasoma polepole, mimi nitafuatisha."

Nilitaka kucheka, nikaona hatanii. "Kaka Nejat," nilisema, "hii si filamu. Mtu huomba halali kwa kinywa chake mwenyewe. Nikikusomea mimi, atakayehalalishiwa ni mimi."

Akageuza uso kwenye maji. Na kwetu sisi hakuna mchezo katika hili: mtu akibaki na haki ya mwenzake, humwendea kuomba halali, yaani asamehewe haki hiyo, kabla kifo hakijawatenganisha. Ukichelewa, unakwenda nayo.

Suavi alikuwa amelazwa karibu na dirisha, chiriku wake pembeni, shingo imefungwa kitambaa cheupe. Alikuwa amebaki kama nguo iliyosahaulika kitandani. Lakini alipomwona Nejat mlangoni, macho yaliwaka nyuma ya ile miwani. Nejat akaketi. Akanitazama, kama alivyokuwa akinitazama chini ya kamera kungoja sentensi. Nikawageukia chiriku, nikaanza kuwahesabu mikia.

Gülten akaleta chai, akaona hali, akarudi nayo.

"Suavi," Nejat alisema hatimaye. Ile sauti, nyembamba, ya puani, Rize tupu. "Ndugu yangu. Niliapa kwa mkate nikavunja. Niliona watu, nikaogopa. Si kwamba nilisahau, ningesema nilisahau ningekuwa muongo tena. Nihalalishie, tusiachane hivi."

Katika maisha yangu sikuwahi kumsikia akisema maneno mengi kiasi hicho pasipo mimi kumtangulia. Machozi yalinitoka, sikuyaficha.

Midomo ya Suavi ikacheza. Hakuna kilichosikika ila pumzi ikipita chini ya kitambaa.

"Baba anasema nini?" Gülten aliuliza. "Anasema nini, ami?"

Nejat alikuwa ameinama, amekazia macho ile midomo. Mtu aliyechezesha midomo ili wengine wamsemee, sasa ndiye anayesoma ya mwenzake. "Anasema," akajibu, na pua ikamsinyaa, "'Kweli sauti yako mbaya. Ulifanya vizuri kunyamaza.'"

Mabega ya Suavi yalitikisika kwa kicheko kisicho na mlio. Nejat naye akacheka, nami nikacheka, na Gülten akalia. Kisha Suavi akaacha kucheka. Akamshika Nejat kifundo cha mkono, midomo ikacheza tena, safari hii polepole, neno kwa neno. Gülten akauliza tena. Nejat hakumtafsiria. Alimbusu Suavi mashavu yote mawili, akachukua koti lake.

Nilimngoja mpaka tumekaa ndani ya feri. "Amekuhalalishia?"

"Bado," alisema. "Amesema, 'Ulininyima mbele ya watu. Nipe mbele ya watu, ndipo iwe halali.'"

"Basi mpe!"

"Watanicheka, Perihan."

"Na wakucheke! Una umri gani wewe, unangoja nini, uote meno mapya?"

Kesho yake asubuhi alishuka amevaa tai. Alisema amewapigia simu wale vijana wa jumba la sinema la mtaani, waliokuwa wakimwomba miaka nenda rudi aje waonyeshe filamu yake ya zamani. Amekubali. Itakuwa Jumamosi. Atapanda jukwaani na kusema, na Gülten ashike simu Suavi asikie kitandani. Kila siku nilimsikia juu ya dari yangu akitembea na kusema peke yake, anaanza, anakosea, anaanza upya. Sikupanda kumsaidia. Ilinibidi nishike kiti nisiinuke.

Suavi alifariki Jumatano.

Nejat aliposikia hakulia. Alikaa kwenye ngazi, katikati ya ghorofa yake na yangu, akasema, "Nimechelewa," kama mtu aliyekosa gari. Nilimletea supu palepale. Ilipoa.

Tulimsalia Suavi baada ya sala ya adhuhuri, msikiti mdogo wa Üsküdar. Jeneza liliwekwa juu ya jiwe uani, limefunikwa kitambaa cha kijani. Waliokuja kwa ajili yake walikuwa wachache: jamaa, majirani, na wazee wafuga chiriku waliosimama pamoja wamekunja mikono. Lakini ua ulijaa, maana waliotoka kusali walimwona Nejat safu ya mbele, na habari ikatoka hadi barabarani. Sisi wanawake tulisimama nyuma, na nilisikia yote.

"Si Nejat Bozok yule?"

"Bado yu hai?"

"Mtu mbaya hafi upesi, mama. Nani amekufa?"

"Sijui. Jamaa yake, labda."

Simu zikainuliwa kumpiga picha. Imamu, kijana mwenye ndevu chache, akawageukia watu na kuuliza kama inavyoulizwa kwa kila maiti: "Enyi jamaa, mlimjua vipi marehemu?"

"Tulimjua mwema," wakajibu wafuga chiriku, na jibu likafia palepale uani. Wengine walinyamaza. Watamshuhudiaje mtu wasiyemjua? Imamu akavuta pumzi ili aulize mara ya pili.

Nejat akageuka. Akanitafuta katikati ya wanawake, akanipata. Ilikuwa ileile sura: macho yanayongoja sentensi. Niliuma midomo yangu. Mungu ananijua, sijawahi kufanya kazi ngumu kama ile ya kutosema neno.

Akavua kofia.

"Imamu, subiri," alisema.

Watu wakatazamana. Kijana mmoja nyuma yangu akacheka puani. "Ni yeye kweli? Mbona sauti hivyo?" Nejat alimsikia, niliona shingo yake ikiwiva. Mkono ukaanza kupanda, unakwenda kifuani, kama siku ile kule kusini. Ukafika katikati. Akauteremsha, akauweka juu ya jeneza.

"Mnasema hamumjui huyu," alisema. "Mnamjua. Mimi ndiye msiyenijua. Sauti yangu ndiyo hii, ya kifaranga, nimeificha maisha yangu yote. Ile mliyoizoea nyinyi, iliyowatoa wajane nje, iliyowatisha mkiwa watoto, haikuwa yangu hata siku moja. Ilikuwa ya huyu. Anaitwa Suavi Erdil. Niliahidi kulitaja jina lake, sikulitaja. Leo nalitaja. Suavi Erdil, mwana wa Bursa. Sauti inayokwenda kuzikwa ni hii hapa."

Hakuna aliyecheka. Simu zilikuwa zimeshuka. Gülten alikuwa amenishika mkono hadi vidole vikafa ganzi.

Kando yangu alisimama bikizee mmoja, kikapu mkononi, hakuwa wa msiba, alikuwa anapita tu. "Ati ndiye huyu?" alisema, kwa sauti ya watu wenye masikio mazito, ua mzima ukasikia. "Aliyesema 'Tokeni nyumbani kwangu, mvua haiwahusu mwenye nyumba'? Mungu wangu! Nilimlaani mpaka nikachoka! Nilikuwa na mimba ya mwanangu wa kwanza, nikamlaani mtu wa watu kila nilipotoka sinema!" Akakitua kikapu chini, akaifuta pua kwa ncha ya mtandio. "Alikuwa hodari. Mimi namhalalishia. Naye anihalalishie laana zangu."

Imamu alikohoa. "Enyi jamaa," akauliza, "mlimjua vipi marehemu?"

"Tulimjua mwema!" ua ukajibu, na njiwa wakaruka kutoka paa la msikiti.

"Mnamhalalishia haki zenu?"

Kazini Nejat alizoea kuja nyuma yangu kwa pumzi moja. Mimi nasoma, yeye anafuata. Hata katika sala, hata katika kicheko, alikuwa mtu wa kungoja mwingine aanze. Basi nilifungua kinywa kujibu pamoja na watu, na kabla sijalifikia neno 'tunamhalalishia', kabla ya mtu yeyote pale uani, niliisikia sauti ya Rize, nyembamba, ya puani, imetangulia mbele yetu sote.